Bibi wa Badhaai Ho alikuwa wapi siku zote hizo?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi nimekulia Majengo, Mombasa, na picha za Kihindi nimezitazama tangu nashikwa mkono na marehemu mama. Juzi wanangu waliniwekea Badhaai Ho, nikacheka mpaka nikafuta machozi kwa yule bibi, mama mkwe. Kijana wangu akasoma kwenye simu kwamba anaitwa Surekha Sikri, ameshinda tuzo ya taifa mara tatu, na kazi zake nyingi za zamani zilitengenezwa kwa pesa za serikali ya India. Sasa mimi nauliza: mtu wa tuzo tatu, sisi tuliopanga foleni kila Idi tulimkosaje? Na la pili ndilo linaloniuma. Binti yangu ana miaka 22, anaigiza tangu shule, na kila mchezo hupewa umama au unyanya. Mwalimu wake mmoja alimwambia hana sura ya steringi. Sasa amepata kikundi kinachoigiza kwenye mikutano ya afya kwa pesa za serikali, na babake anasema hiyo si kazi. Mtu wa namna hiyo hufika wapi?

JIBU: Marahaba, mama. Nianze na foleni, maana foleni hizo nazijua kwa mlango wa nyuma.

Kabla sijaanza kufundisha historia ya sinema nilikuwa kijana wa mikebe. Picha ya Kihindi ilikuja imegawanywa mikanda 14, 16, mara nyingine 18, kila mkanda ndani ya mkebe wake wa bati, na mkanda mmoja hauzidi dakika kumi na moja. Siku za Idi kopi ilikuwa moja na majumba mawili yameshauza tiketi. La kwanza linaanza saa tisa, la pili saa tisa na nusu, na katikati niko mimi na baiskeli, mikebe mitatu nyuma imefungwa kwa mpira, napiga kengele na wauza mahamri wananitukana. Nikichelewa dakika mbili ukumbi mzima unapiga mbinja na kugonga viti. Kwa hiyo maandishi ya juu ya mikebe ile niliyasoma miaka mingi, na nakuapia sikubeba hata mkebe mmoja wa picha iliyolipiwa na serikali ya India.

Sababu haikuwa siri. Aliyeleta picha kwenye majumba ya Naaz au Regal alikuwa mfanyabiashara, naye aliipata kwa wafanyabiashara wenzake. Alitaka kujua steringi ni nani, nyimbo ni ngapi, na kwenye bango atachorwa nani. Dharmendra alijaza ukumbi. Hema Malini alijaza ukumbi na kibaraza cha nje. Mwanamke wa miaka arobaini na kitu, asiye na wimbo hata mmoja, aliyekaa jikoni anasikiliza mlango ukibishwa, hajazi hata safu ya mbele, awe fundi namna gani. Nyinyi mlikuwa sokoni, mama, naye hakuletwa sokoni.

Wala msione mmekosa peke yenu. Wahindi wenyewe wengi walimkosa.

Serikali yao ilianzisha shirika la kuwakopesha watengeneza filamu mwaka 1960. Mwaka 1975 likaundwa lingine, linalojulikana kwa herufi NFDC, na 1980 lile la kwanza likaunganishwa humo. Nia ilikuwa njema: zipatikane picha zinazozungumzia njaa ya mashambani, matabaka, wajane, ghasia za dini, bila mtengenezaji kulazimika kutia nyimbo saba ili arudishe mtaji wa watu. Pesa zilikuwa za kubana. Jaane Bhi Do Yaaro ya 1983, ambayo leo Wahindi wanaihesabu kati ya vichekesho vyao bora kabisa, ilitengenezwa kwa chini ya rupia 700,000, na kamera anayoishika mwigizaji Naseeruddin Shah humo ilikuwa yake mwenyewe, tena ikaibiwa huko huko kazini. Lakini ubahili huo ungevumilika. Kilichoua ni kwamba shirika lilikuwa na pesa za kutengeneza picha na halikuwa na majumba ya kuzionyesha. Umepika biriani ya harusi, kisha ukaifungia jikoni. Picha inapata tuzo Delhi, inapelekwa tamasha la nje, inarudi inapewa saa za usiku kwenye Doordarshan, televisheni ya serikali, basi. Wenye majumba hawakuzitaka, na tusidanganyane, nyingine zilichosha. Mimi ni mpenzi wa picha hizo, na bado kuna moja mbili ambazo sijawahi kuzimaliza nikiwa macho.

Sasa bibi mwenyewe.

Surekha Sikri alizaliwa Aprili 1945, akakulia Almora na Nainital, miji ya milimani kaskazini mwa India, kisha akasoma Chuo Kikuu cha Kiislamu cha Aligarh. Alitaka kuwa mwandishi. Aliyekuwa na hamu ya jukwaa ni nduguye wa kike; ndiye aliyeleta nyumbani fomu ya chuo cha taifa cha maigizo cha Delhi, kile kinachoitwa NSD, halafu hamu ikamtoka na fomu ikabaki imelala ndani. Surekha akaijaza yeye. Akakubaliwa, akafundishwa enzi za Ebrahim Alkazi, mkuu wa chuo aliyesifika kwa ufundi na kuogopwa kwa nidhamu, akahitimu 1971. Chuo ni cha serikali.

Hapa ndipo nataka ukae kidogo, kwa sababu maswali yako yote mawili yanakutana hapa. Alipohitimu hakwenda Bombay kugonga milango ya studio. Alibaki Delhi kwenye kikundi cha kudumu cha chuo kile kile, akaa zaidi ya miaka kumi. Mshahara wa mwigizaji wa jukwaani haujengi nyumba, lakini unafika mwisho wa mwezi, na mtu aliyelipwa mwisho wa mwezi anaweza kukataa upuuzi. Maisha ya kikundi cha namna ile ni mazoezi mchana, onyesho jioni. Mchezo huu wewe ni malkia, ujao ni yaya wa malkia, unaofuata ni jirani mbeya anayeingia mara mbili na kutoka. Steringi wa kudumu hakuna. Mtu wa miaka 28 anapewa ajuza wa sabini, na mkufunzi hamuulizi kama amepaka mvi vizuri. Anamuuliza ajuza huyo akikaa chini hutanguliza mkono au goti. Akiitwa, hugeuza kichwa au hugeuza mwili mzima? Akisema uongo, mikono yake iko wapi? Ukijibu maswali hayo jioni baada ya jioni kwa miaka kumi, kamera ikija kukukuta unakuwa na watu mia ndani yako.

Kamera haikuwa na haraka naye. Filamu yake ya kwanza, Kissa Kursi Ka, ilitoka 1978 akiwa na miaka 33 hivi, na kisa cha picha hiyo kinachekesha na kuhuzunisha. Mbunge mmoja, Amrit Nahata, aliitengeneza kuwakejeli wakubwa. Ikaja hali ya hatari ya 1975 hadi 1977, picha ikakamatwa, mikanda ikachomwa moto, ikabidi itengenezwe upya. Kwa hiyo mwigizaji aliyelelewa na serikali aliingia sinema kwa picha ambayo serikali iliitia moto. Mumeo akisema pesa za serikali haziaminiki, hapo ana hoja. Ila serikali ni watu wengi, na anayetia saini hundi mara nyingi hamjui aliyeshika kiberiti.

Miaka kumi baadaye ndipo ikaja Tamas. Kama utatazama kitu kimoja tu kati ya hivi ninavyovitaja, tazama hiki. Govind Nihalani aliitengeneza kutokana na riwaya ya Bhisham Sahni, kuhusu ghasia za mwaka 1947 India ilipogawanywa, na Doordarshan ikaionyesha 1988, sehemu baada ya sehemu. Kumbuka wakati huo India ilikuwa na televisheni ya serikali tu. Chaneli za setelaiti zilikuja 1991. Taifa zima lilikuwa sebule moja. Watu walikimbilia mahakamani ili isimamishwe, wakihofia itafufua chuki. Mahakama Kuu ya Bombay ikakataa, na Februari 1988 Mahakama ya Juu ikakataa vilevile, picha ikaendelea.

Sikri ni Rajo, mwanamke wa Kiislamu wa kijijini. Mlango unabishwa. Nje wamesimama wazee wawili wa Kisikh, mume na mke, wamekimbia kwao na hawana pa kwenda. Mume anaigizwa na Sahni mwenyewe, yule mwandishi wa riwaya, na mke anaigizwa na Dina Pathak. Wanaume wa nyumba ya Rajo hawapo. Wameungana na wenzao kupora. Yeye anajua wakirudi watawakuta wageni hawa ndani. Mkwewe, mke wa mwanawe, hataki kabisa wafiche watu. Na Rajo anawaingiza.

Sasa mwigizaji mwingine angetuonyesha hapo mama mtakatifu, macho yamelowa, muziki unapanda. Ukimtazama Sikri usoni unaona mtu anapiga hesabu. Anawahurumia na anawaogopa, anamwogopa mumewe, anamkasirikia mkwewe, na huku akili iko kwenye mlango: watarudi saa ngapi? Wema wake una woga ndani, kama wema wa watu tunaowajua. Wanaume wanarudi wamebeba sanduku la kuporwa, kumbe ndilo la wale wazee wenyewe. Usiku Rajo anawatoa mwenyewe gizani. Nyinyi wa Majengo hamhitaji kuelezwa mlango kama ule. Kila mtaa uliowahi kupita kwenye fujo za uchaguzi una nyumba iliyomficha jirani, na nyumba iliyonyamaza. Kwa Rajo alipata tuzo yake ya kwanza ya taifa ya mwigizaji msaidizi wa kike. Mwaka uliofuata, 1989, akapewa na tuzo ya Sangeet Natak Akademi, akademia ya taifa ya muziki, dansi na maigizo, kwa kazi yake ya jukwaani. Alikuwa anakaribia miaka 44.

Salim Langde Pe Mat Ro ya 1989 na Naseem ya 1995, zote za Saeed Mirza na zote za pesa za NFDC, nazo amo. Nazipita haraka ili nifike kwenye Mammo.

Mammo ni ya Shyam Benegal, 1994, pesa za NFDC na Doordarshan. Aliyeiandika, Khalid Mohamed, alichota kwa bibi mmoja wa ukoo wake. Mammo, anayeigizwa na Farida Jalal, alizaliwa upande wa India, akaolewa Lahore, mpaka ukachorwa, akaamka raia wa Pakistan. Mume anakufa, shemeji na mawifi wanamtoa nyumbani kwa sababu ya mali, naye anakuja Bombay kwa dadake Fayyuzi kwa viza ya muda. Fayyuzi ndiye Sikri: bibi anayemlea mjukuu peke yake kwenye fleti ndogo. Mammo anasema tangu asubuhi mpaka usiku. Anasema akipika, anasema mtu akisoma, anaingilia ya jirani. Farida Jalal ana kazi ya kupendwa, na anaifanya vizuri sana. Sikri ana kazi ya kumchoka.

Hiyo kazi ya pili ni ngumu kuliko ya kwanza. Lazima amchoke dadake mpaka sisi tumwonee aibu, na wakati huohuo tujue kwamba polisi wakija kumchukua Mammo, huyu mchovu ndiye atakayevunjika. Na polisi wanakuja, kwa sababu ya karatasi. Wanampandisha treni kama mzigo. Mimi niliitazama mara ya kwanza na mama yangu, aliyekuwa na dada Unguja na kaka Muscat, pasipoti tatu kwa watoto wa tumbo moja, na dada huyo akija hakosi kugombana naye siku ya tatu kwa sababu ya chumvi kwenye mchuzi. Mama hakujua Kihindi zaidi ya maneno ya nyimbo. Treni ilipoondoka akachukua ncha ya leso akajifuta, akasema, “Yule dada mkali ndiye mimi.” Akanyanyuka akaenda kutia maji kwenye birika. Mama hakuwa mtu wa kusifu waigizaji. Tuzo ya pili ya taifa Sikri aliipata kwa Fayyuzi.

Baada ya hapo, mama, huyu bibi ulimwona. Kama ulitazama Zubeidaa ya 2001, yenye Karisma Kapoor na Rekha na nyimbo za A. R. Rahman, mama yake Zubeidaa ni Sikri, na anayemwigiza ni Fayyuzi yule yule. Akiwa na miaka 49 alimwigiza Fayyuzi akiwa nyanya. Alipofika 55 akamwigiza pia Fayyuzi wa zamani, mama wa msichana wa kuozwa. Hiyo haikuwa picha ya serikali, ilikuwa na steringi, ndiyo maana ilisafiri. Kwenye Sarfarosh ya 1999 ya Aamir Khan naye amepita. Macho yenu yalikuwa kwa Karisma na Aamir, na sawa, ndio waliolipwa mtazamwe.

Umaarufu wa mtaani ulimjia mwaka 2008, ana miaka 63, kupitia televisheni ya watu binafsi. Tamthilia ya Balika Vadhu ilianza Julai mwaka huo ikaendelea hadi 2016, vipindi zaidi ya 2,000, naye ni Kalyani Devi, nyanya mkali wa nyumba ya Rajasthan iliyomleta bibi harusi mtoto. Watu wakamwita sokoni kwa jina la mhusika, Dadisa, yaani nyanya. Kisha 2018 ikaja Badhaai Ho, na tuzo ya tatu.

Ukirudia kuitazama, ruka vichekesho uende kwenye harusi ya jamaa. Ndugu wanamsema kwa mafumbo mkwe aliyeshika mimba ukubwani, na bibi ambaye tangu mwanzo alikuwa wa kwanza kumtukana anageuka kuwavaa watoto wake mwenyewe: nilipougua aliyeniuguza ni nani? Aliyeandika kurasa hizo kaandika vizuri, lakini angalia hasira ile inavyopandishwa ngazi kwa ngazi, na anavyojua wapi pa kuvuta pumzi. Hiyo ni pumzi ya jukwaani, ya mtu aliyezoea kufikisha neno safu ya mwisho bila kipaza sauti. Neena Gupta, anayemwigiza mkwe, naye ni zao la NSD. Wagomvi wawili wa jiko moja, chuo kimoja.

Baadaye mwaka huohuo wa 2018 alipigwa na kiharusi. Tuzo alikwenda kuipokea Delhi Desemba 2019 akiwa kwenye kiti cha magurudumu, ukumbi mzima ukasimama kumpigia makofi. Miezi michache baadaye ikaja korona, na serikali ya jimbo la Maharashtra ikakataza watu waliozidi miaka 65 kuingia mahali pa kupigia picha. Sikri alilalamika hadharani: hataki sadaka, anataka kazi, ana gharama za matibabu na hapendi kuwa mzigo kwa watu wake. Agosti 2020 Mahakama Kuu ya Bombay ikaifuta amri hiyo. Septemba akapata kiharusi cha pili. Alifariki Mumbai, ndiyo Bombay ile ile, tarehe 16 Julai 2021, moyo ulisimama, ana miaka 76.

Kwa hiyo babake binti tumpe haki yake. Serikali ilimsomesha huyu mama, ikamlipa miaka kumi ajifunze, ikamlipia picha zake bora, ikamvika tuzo tatu, na uzeeni akabaki anaomba aruhusiwe kufanya kazi. Makofi hayalipi daktari. Mtu akiingia njia hii aingie akijua hivyo.

Lakini aliposema kuigiza kwenye mikutano ya afya si kazi, hapo simfuati. Mwaka 2000 Benegal alitengeneza Hari-Bhari, picha kuhusu wanawake wa nyumba moja na uzazi wao, na aliyelipa ni Wizara ya Afya na Ustawi wa Familia ya India. Yaani mkutano wa afya, ila kwa kamera. Shabana Azmi amo, Nandita Das amo, na Sikri amo. Hawakuona haya, kwa sababu mwigizaji hapimwi kwa nani kalipa ukumbi. Mimi ningependa kujua mambo mengine kabisa kuhusu kikundi cha binti yako. Kwa mwezi wana maonyesho mangapi, na kati ya onyesho na onyesho wanafanya mazoezi au wanasubiri simu? Mhusika wake hubadilika, au mwaka mzima ni yule mama anayekataa chanjo na dakika ya kumi anaikubali? Yupo mtu wa kumkosoa? Na malipo ni kwa onyesho au kwa mwezi, na yanachelewa kiasi gani? Pesa za ofisi hukawia, wala asizihesabu kwenye kodi ya nyumba kabla hazijafika. Nilichokieleza cha Delhi, mshahara wa kila mwezi kwa miaka kumi ili mtu ajifunze tu, Mombasa hatuna. Itambidi ajitengenezee miaka yake kumi kwa vipande: kikundi hiki, redio, na kutia sauti. Tamthilia za Kituruki na za Kihindi sasa zinatiwa sauti za Kiswahili, na huko sauti ya bibi wa sabini inayotoka kwa msichana wa 22 ni mali, hakuna anayeiona sura.

Na hiyo sura. Mwalimu aliyemwambia hana sura ya steringi huenda alisema kweli, ila aliisema kama tusi. Steringi wa kike ana miaka michache, na anaijua hesabu yake. Sikri alipata tuzo ya kwanza umri ambao steringi wengi wa kike huanza kupewa umama, naye umama alikuwa ameuanza zamani, hakuwa na cha kuhuzunikia. Binti yako akilia kwa kupewa unyanya, mwulize kama anamjua nyanya huyo, au amevaa leso na kupinda mgongo tu. Waigizaji wetu wengi, hata wa televisheni, wakipewa mzee hupinda mgongo na kutetemesha mkono. Wazee hawatetemeki hivyo. Wazee wanaficha.

Nilikuwa na mwanafunzi mmoja niliyemtuma Likoni wiki nzima, saa ya jioni feri inapomwaga watu. Nilimpa kazi moja, atazame wanawake wazee wanavyopanda ule mteremko. Siku ya kwanza akaniambia wanatembea polepole. Nikamrudisha. Siku ya nne akaja na jambo: hawasimami kupumzika kwa sababu ya kupumzika. Wanasimama kana kwamba wamekumbuka kitu, wanafungua pochi, wanaangalia ndani, hawatoi chochote, wanaifunga, wanaendelea. Wanapumzika bila mtu kujua. Kwenye mchezo wa mwisho wa mwaka aliiweka ile pochi, na nikasikia wamama safu ya pili wakicheka kicheko cha mtu aliyekamatwa.

Mpeleke Likoni. Na Mammo mkiipata mtandaoni, itazameni usiku mmoja pamoja na babake. Asiposinzia kabla ya treni, niandikie.